Palipoandikwa Mama Pasomeke Paka

Mke wangu alihama nyumbani kwa sababu ya viboksi vinne.

Si mchepuko. Si pombe. Wala hakukuta ujumbe wa ajabu kwenye simu yangu, maana simu yangu haipigiwi na mtu isipokuwa wanaokosea namba.

Viboksi vinne tu, gazetini, ukurasa wa saba, chini ya tangazo la dawa ya kunguni.

Na aliyevichora ni mimi.

Kaa vizuri nikusimulie. Ukitaka kucheka, cheka. Mtaa mzima umeshacheka, wewe mmoja hutanipunguzia wala kuniongezea kitu.

Mimi nafanya kazi kwenye gazeti la wiki la hapa kwetu. Usifikirie yale magazeti makubwa yenye picha za mawaziri wakikata utepe. Letu lina kurasa nane, linatoka Ijumaa, na habari zake ni bomba lililopasuka, mbuzi aliyepotea, mwalimu mkuu aliyehamishwa, na timu ya mtaa iliyofungwa tena.

Lina jina lake rasmi, zuri tu, lakini hakuna anayelitumia. Watu wanaliita Kifungashio.

Kisa? Wenye maduka walikuwa ndio wateja wetu wakubwa. Wanafungia misumari.

Kitambulisho changu kimeandikwa Mhariri Msaidizi. Ukisikia hivyo unaweza kudhani nina ofisi. Nina kiti. Na kiti chenyewe natumia kwa zamu na mpanga kurasa, dada mmoja mkali ambaye kazi yake ni kuzipanga habari kwenye kompyuta na kuniambia zimezidi.

Nilikuwa nasahihisha makosa ya wenzangu, naandika vitu vilivyopotea na kuokotwa, na nikibaki na muda nachemsha chai.

Lakini kazi niliyoiringia kuliko zote ilikuwa fumbo.

Unaujua ule mraba wa maneno. Unapewa dokezo, unahesabu viboksi, unajaza herufi. Mimi ndiye niliyekuwa nautunga kila wiki, na kwa sababu hiyo nilijiona bingwa wa lugha. Nilikuwa natembea mtaani kwa madaha, nimekunja gazeti kwapani, nikisubiri mtu aniulize maana ya neno gumu.

Hakuna aliyewahi kuniuliza.

Sasa, kila fumbo lazima wiki inayofuata lichapishwe na majibu yake. Na kuchora mraba upya na kuujaza ni kazi ya kuchosha. Mimi na kazi za kuchosha tulishakubaliana kila mtu akae kwake.

Bahati nzuri kulikuwa na msomaji mmoja. Kila Ijumaa, kabla jua halijakaa sawa, alikuwa anadumbukiza kwenye boksi la mlangoni fumbo letu alilolikata gazetini, limejazwa lote. Herufi zimesimama wima, safi, hakuna kufutafuta. Hakuandika jina. Chini aliandika tu: Msomaji wa Ukurasa wa Saba.

Mimi nilikuwa naichukua karatasi yake vilevile na kumpelekea mpanga kurasa. Hilo ndilo jibu. Lichapishe.

"Umelikagua?" alikuwa ananiuliza.

"Nimelikagua."

Nilikuwa nalikagua kama mtu anavyotazama saa ukutani. Nimeitazama, ndiyo. Lakini ukiniuliza saa ngapi, sijui.

Basi tuje kwa mama mkwe wangu.

Mama mkwe ni mwalimu mstaafu. Nusu ya mtaa huu amewafundisha kuandika majina yao, na nusu iliyobaki amewafundisha wazazi wao. Anaishi uchochoro wa nyuma yetu. Na kwa kuwa maisha yake yote alikuwa anaingia darasani bila kubisha hodi, nyumba za watu nazo aliziona ni madarasa.

Kwangu alikuwa anakuja mchana, saa ile nimerudi kula na kujipumzisha. Utasikia mlango. Utasikia ndara. Halafu utasikia mfuniko wa sufuria jikoni: kring'. Kimya kidogo. Mfuniko unarudi. Ndara zinatoka.

Mimi nipo mezani nimejifunika gazeti usoni, nimekasirika kimyakimya.

Sikuwahi kumwambia kitu. Utamwambia nini mama mkwe? Nilikuwa nasema shikamoo, naitikiwa marahaba, nafungua ukurasa wa michezo.

Ijumaa moja nikatoa fumbo. Namba tisa, kwenda kulia, dokezo lake lilikuwa hivi:

Huingia bila hodi, hufunua sufuria, huondoka bila kuaga. Herufi nne.

Jibu ni PAKA. Nani asiyemjua paka?

Kesho yake jioni mke wangu akarudi kutoka saluni kwake. Kwa kawaida huwa anaingia akilalamikia miguu. Siku hiyo hakulalamikia miguu. Akasimama mlangoni na mkoba begani.

"Namba tisa," akasema.

"Namba tisa nini?"

"Usinifanye mjinga. Wateja wangu wamekaa wamewekewa dawa kichwani wanasoma gazeti lenu kwa sauti. Mmoja kasoma namba tisa. Saluni nzima wakaitikia kwa pamoja, kama watoto wa shule: Mama Mwalimu!"

Nikacheka. Hilo lilikuwa kosa la kwanza.

"Jamani, ni paka!" nikamwambia. "Paka! P, A, K, A."

"MAMA ina herufi ngapi?"

Nikahesabu kwa vidole. Hilo lilikuwa kosa la pili, maana nilihesabu mbele yake.

"Lakini haiwezi kuingia," nikajitetea. "Kuna maneno ya kushuka chini yanapita pale. Yanapita kwenye herufi ya pili na ya nne."

Akalitoa gazeti kwenye mkoba, akalitandaza mezani. PAKA, herufi ya pili ni A, ya nne ni A. MAMA, ya pili ni A, ya nne ni A.

Ndugu zangu, lugha yetu ina maneno mengi, lakini siku hiyo niliona yote yameishia na A.

"Mume wangu, una kitu gani na mama yangu?"

"Sina kitu. Ni paka."

"Paka gani? Sisi tuna paka?"

Hapo nikajifanya mjanja. Nikamwambia atulie, asiwe na haraka, Ijumaa ijayo majibu yanatoka. Mtaa wote utaona PAKA imeandikwa kwa herufi kubwa, watu watajiona wapumbavu, na yeye atakuja kuniomba msamaha.

"Ngoja Ijumaa," nikasema, nikaegemea kiti.

Wiki hiyo mama mkwe hakuja. Siku ya kwanza nikasema labda ana wageni. Siku ya pili nikakuta sufuria tupu, nikajua mke wangu kanuna, nikala mkate kwa amani ambayo haikunoga. Siku zilizofuata nilijikuta nategea sikio mlangoni, na sikuwa tayari kumwambia mtu.

Huko kazini nako mambo yalishapamba moto.

Muuza nyama alikuja ofisini na aproni yake yenye damu, amelishika gazeti kama kisu.

"Namba nne kwenda chini! 'Hupungua kabla ya kufika nyumbani.' Mimi huyu, sivyo? Mizani yangu, sivyo?"

"Bosi, jibu ni BARAFU. Herufi sita. Nyama ina herufi tano."

"Usinihesabie herufi! Mtaa mzima umenielewa!"

Akatoka. Nyuma yake akaingia mama mmoja, yeye hakuwa na ugomvi. Aliinama mezani kwangu akaninong'oneza kama nipo dirishani kwa mganga.

"Mwanangu, na mimi niwekee jirani yangu. Yule anayesikiliza ukutani. Muweke hata kwenye kona, mimi nitaridhika."

Nikamweleza fumbo halifanyi kazi hivyo. Akanitazama kwa huruma, kama mtu anayeona mwenzake haijui biashara yake.

Mhariri mkuu wetu tunamwita Mzee Koma, kwa sababu ukimpelekea habari yoyote hasomi, anatafuta pa kuweka koma. Wiki ile alikuwa anatembea ofisini akipiga mluzi. Gazeti lilikuwa limeisha. Si la kufungia. La kusoma. Kinyozi peke yake alirudi mara mbili kuomba nakala nyingine kwa sababu wateja walishajaza ile ya kwanza kwa kalamu.

"Kijana, umefanya nini?" akaniuliza.

"Sijafanya kitu, mzee. Niliandika paka."

"Basi usiache kuandika paka."

Ijumaa ikafika. Nilitoka nyumbani mapema, kifua mbele, nikalichukua gazeti likiwa bado linanuka wino. Sikulifungua. Nilitaka tulifungue pamoja, mimi na mke wangu, nimwone uso ukibadilika.

Nikamkuta anafagia saluni. Wateja wawili walishawahi. Nikalikunjua gazeti mbele yao wote kama wakili anayetoa ushahidi.

"Soma. Namba tisa. Kwa sauti."

Akasoma.

"MAMA."

"Soma vizuri."

Akanigeuzia gazeti. Herufi zimesimama wima, safi, hakuna kufutafuta.

M. A. M. A.

Akili ikanirudi kwa mbio, imechelewa kama kawaida yake. Ile karatasi ya Msomaji wa Ukurasa wa Saba ilikuwa imefika Ijumaa ileile, kabla mtu yeyote hajagombana na mtu. Jumamosi asubuhi nilishaipeleka kwa mpanga kurasa. Aliniuliza kama nimeikagua. Nikamwambia nimeikagua. Halafu wiki nzima nikazunguka nikiwaambia watu wasubiri Ijumaa, na aliyestahili kusubiriwa alikuwa ni mimi, niamke.

Mteja mmoja akakohoa. Mwenzake akajifanya anasoma bei za rasta ukutani.

"Sasa hata gazeti limethibitisha," mke wangu akasema. Hakupiga kelele. Angepiga kelele ningepona. "Mimi naenda kwa mama. Sirudi ile nyumba mpaka mama aikanyage tena. Na yeye kasema haendi mahali asipotakiwa."

Mchana nilipofika nyumbani, mkoba wake mkubwa haupo, kanga zake hazipo, na kwenye kochi kulikuwa na ile alama ya pale anapokaaga. Nikakaa pembeni ya hiyo alama, sikuthubutu kuikalia.

Sasa sikiliza nilichofanya ili kuokoa jahazi. Wewe mwenyewe utasema huyu alilogwa.

Nilikwenda kwa Mzee Koma kuomba sahihisho.

"Sahihisho la nini? Watu wanalipenda jibu lao."

"Mzee, mke wangu amehama."

Akavua miwani. Ni mzee mwenye roho, tatizo lake ni koma tu. Akanipa sehemu ya chini kabisa ukurasa wa pili, kisehemu cha mistari miwili, niandike mwenyewe.

Na mimi, bingwa wa lugha, nikaketi kwa zamu yangu ya kiti, nikaandika kitaalamu kabisa, kama magazeti yote yanavyoandika. Ijumaa iliyofuata mtaa ukaamka na hiki:

SAHIHISHO: Katika jibu la fumbo la wiki iliyopita, palipoandikwa MAMA pasomeke PAKA. Tunaomba radhi kwa usumbufu.

Nilikuwa kwenye kiti cha kinyozi, nimepakwa sabuni mashavu yote, niliposikia mtu wa benchi ya nyuma akiisoma kwa sauti.

Kinyozi akasimamisha wembe.

"Rudia."

Akarudia.

"Yaani," kinyozi akasema taratibu, "mama mkwe wake... pasomeke paka?"

Walicheka mpaka mmoja akatoka nje kushika mti. Mimi nilikuwa na wembe shingoni, sikuweza hata kukataa kwa kichwa.

Kufikia mchana kilishanuka. Muuza nyama, yule aliyenifokea, alinipita njiani akatikisa kichwa. "Hata mimi hukunifanyia hivyo." Watoto wa shule wakanipita wakisema nyau. Nikajua sasa sina pa kujificha tena isipokuwa kulekule ninakoogopa.

Nikaenda kwa mama mkwe.

Njia nzima nilikuwa napanga maneno. Nitaanza na shikamoo, nitamweleza mambo ya herufi ya pili na ya nne, nitamlaumu mpanga kurasa kidogo, nitamlaumu huyo Msomaji wa Ukurasa wa Saba sana. Kwa kweli huyo msomaji nilikuwa na hamu ya kumshika mashati. Yeye ndiye aliyenivunjia nyumba.

Nikapiga hodi. Mlango akafungua mke wangu. Akaniangalia, akaliangalia shavu langu moja lililonyolewa na jingine lisilonyolewa, akaingia chumba cha ndani. Pazia likabaki linacheza.

Mama mkwe alikuwa mezani sebuleni. Miwani puani, penseli mkononi, kifutio pembeni. Mbele yake gazeti letu limefunguliwa.

Ukurasa wa saba.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Kaa. Una sabuni sikioni."

Nikaifuta. Nikaanza hotuba yangu.

"Mama, nimekuja kuomba radhi. Lile fumbo halikukuhusu hata kidogo. Jibu lilikuwa paka. Ila kuna msomaji mmoja, mtu wa ovyo sana, ndiye..."

"Najua lilikuwa paka."

Nikasahau hata kumlaumu mpanga kurasa.

"Nilijaza PAKA kwanza," akasema. "Kwa penseli. Zikakaa sawasawa. Halafu nikalisoma dokezo tena, polepole, kama nilivyokuwa nasoma insha ya mwanafunzi ninayemjua nyumbani kwao. Nikafuta mpaka isionekane. Nikaandika MAMA."

Sikuelewa haraka. Nimeshakuambia akili yangu huja kwa miguu.

"Kwani mama... wewe hujaza fumbo letu?"

"Kila Ijumaa."

"Na unalipeleka wapi?"

"Kwenye lile boksi lenu bovu la mlangoni. Lirekebisheni, mvua inaingia."

Nikaziangalia herufi kwenye gazeti lake. Zimesimama wima, safi. Mwandiko wa ubaoni. Mwandiko uliomfundisha mke wangu kuandika, ninaouona kila siku kwenye vikaratasi anavyobandika mlangoni mwa jokofu langu mwenyewe.

Huyo mtu wa ovyo sana ndiye niliyekuwa nimeketi mbele yake.

"Nilistaafu, baba, sikufa," akasema. "Na wewe hata huyakagui ninayokuletea. Mwezi uliopita niliandika NYUMDA badala ya NYUMBA, makusudi, nione. Ukachapisha NYUMDA."

Kule ndani nyuma ya pazia nilisikia mtu akizuia kicheko.

Nikauliza kwa sauti ndogo kama hajakasirika.

"Nani kakwambia sikukasirika? Nilikasirika kweli. Halafu nikafikiri. Nikasema, huyu kijana kaishi na binti yangu muda wote huu, hajawahi kuniambia neno zaidi ya shikamoo. Leo kaniuliza kitu. Kakiuliza gazetini, mbele ya watu, kwa kujificha nyuma ya paka, lakini kauliza. Nikamjibu: ndiyo, ni mimi. Na kwa kuwa nimeelewa kinachomkera, nikaacha kuja."

Nilitaka kuapa kwamba si kweli. Mdomo nilishaufungua.

Halafu nikaikumbuka siku niliyolitunga lile dokezo. Nilikuwa mezani kwangu, mchana, penseli mkononi. Kring' ya mfuniko ilisikika jikoni. Maneno yakaja yenyewe, yote matatu, na hasira ndani yake. Huingia, hufunua, huondoka. Paka nilimtafuta baadaye, ili viboksi vienee.

Mtaa mzima ulikuwa umenielewa kuliko nilivyojielewa.

"Ni kweli, mama," nikasema. "Nilikuwa nakusema wewe."

Akavua miwani, akaifuta kwa ncha ya mtandio. Aliifuta muda mrefu kuliko miwani inavyohitaji, na nikaona nimemuumiza, na nikajisikia vibaya sana, vibaya kwelikweli, si vibaya vya kusimulia watu wacheke.

"Ile sufuria," akasema, "nafunua nione kama mmekula. Binti yangu anasimama saluni kutwa. Wewe ukishika gazeti husikii njaa. Nikikuta tupu narudi nyumbani nachukua nilichopika, nawaletea ukiwa umesinzia hapo mezani."

"Mama, chakula cha mchana si huwa anakiacha mke wangu asubuhi?"

Pazia likaacha kucheza kabisa.

"Kile cha mchana ninachokisifia kila siku?" nikauliza, sasa naliuliza pazia. "Mapishi ninayoyatangaza mpaka ofisini?"

"Usinibadilishie mada," pazia likajibu.

Mama mkwe akacheka. Kidogo tu, kwa pua, lakini akacheka. Nikavuta pumzi nikidhani yamekwisha.

Akainua penseli.

"Lakini fumbo lako lina kosa."

"Kosa gani tena, mama?"

"Kuingia bila hodi, nakubali. Kufunua sufuria, nakubali. Umeandika huondoka bila kuaga." Akanitazama kama ananisubiri nijisahihishe mwenyewe. "Mimi huaga. Kila siku nasimama pale mlangoni nasema, 'Haya baba, mimi natoka.' Kila siku. Wewe huinui kichwa."

Ndugu zangu, mimi ni mtu wa kujitetea. Hata nikikanyaga mtu huwa naanza kwa kumuuliza kwa nini kaweka mguu pale. Lakini siku hiyo sikujaribu. Mimi ndiye ninayeandika mtaa huu umeamkaje, nani kapotelewa na mbuzi, bomba limepasuka wapi. Na mtu alikuwa ananiaga ndani ya nyumba yangu kila siku ya Mungu, na mimi nimejifunika gazeti.

Machozi yakanitoka. Yakapitia lile shavu lisilonyolewa, yakakwamia huko.

"Nisamehe, mama."

"Nimeshakusamehe. Ila sijileti tena. Nialike."

"Karibu nyumbani, mama. Hata bila hodi."

"Hodi nitapiga," akasema. "Wewe uitikie."

Mke wangu akatoka na mkoba wake mkubwa, umeshafungwa zipu. Inaonekana ulifungwa tangu kwenye NYUMDA.

"Kumbe mapishi..." nikaanza.

"Tembea," akaniambia, akanitwika mkoba.

Ungedhani mambo yaliishia hapo. Hayakuishia hapo.

Mzee Koma alipopata habari kwamba Msomaji wa Ukurasa wa Saba ni mama mkwe wangu, alikwenda kwake mwenyewe, amevaa koti. Sijui walizungumza nini. Ninachojua ni kwamba aliporudi alinipa habari mbili. Moja, kuanzia sasa fumbo litatungwa na Mwalimu. Mbili, kila karatasi nitakayosema nimeikagua itakaguliwa tena na mpanga kurasa.

"Na mimi nifanye nini, mzee?"

"Boksi la mlangoni linavuja."

Fumbo lake la kwanza lilitoka Ijumaa. Nililifungua nikiwa napita sokoni, na nikashangaa kila ninayempita ananitazama anatabasamu, kalamu iko mkononi. Muuza nyama aliniita kwa sauti kutoka ng'ambo ya barabara, akaipunga karatasi yake.

"Hili sasa hata mimi nimelipata!"

Namba moja, kwenda kulia: Husoma kila kitu isipokuwa uso wa mkewe. Herufi nne.

Nilijaribu PAKA. Haikukaa.

Jibu lake ni MKWE, na wanasema kwa wiki ile hakuna aliyekosea mtaa mzima isipokuwa mimi, niliyekuja kuambiwa na mke wangu jioni.

Nimejifunza nini? Nimejifunza kwamba watu hawanunui gazeti la mtaani kwao ili wajue dunia imefanya nini. Redio wanayo. Wananunua wajitafute, na anayejitafuta atajiona hata kwenye kipande cha barafu. Kwa hiyo wewe unayeandika juu ya majirani, iwe gazetini au kwenye kundi la simu, andika ukijua kesho utakutana nao dukani, na wanajua vizuri ulikuwa unamsema nani hata kama wewe bado hujajijua.

Na mtu akisimama mlangoni kwako akasema mimi natoka, weka chini hiyo simu unayonisomea, umuitikie. Mimi nilihitaji kuandikwa gazetini ndipo nikasikia.